Nawab Akbar Bugti: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kila inapofika tarehe 26 Agosti jina la Akbar Bugti hurudi kwenye habari za Pakistan, na wanaolisikia kwa mara ya kwanza huuliza mambo yaleyale. Nimeyajibu hapa chini, mengine kwa urefu, mengine kwa mistari miwili tu kwa sababu hayahitaji zaidi.

Kwa ufupi, alikuwa nani?

Akbar Shahbaz Khan Bugti alikuwa chifu mkuu wa Wabugti, kabila la Wabulushi wanaoishi mashariki mwa jimbo la Balochistan, pale jimbo hilo linapopakana na Punjab na Sindh. Kwa nyakati mbalimbali alikuwa mbunge, waziri mdogo wa mambo ya ndani, mfungwa, gavana, waziri kiongozi wa jimbo na mwanzilishi wa chama cha siasa. Mwishowe akawa mzee wa karibu miaka 80 anayesakwa na jeshi la nchi yake milimani, akafia pangoni tarehe 26 Agosti 2006.

Wengi hushangaa ilikuwaje mtu aliyekuwa gavana wa serikali afe akiitwa mwasi. Mimi sioni kama aligeuka sana. Ukiifuatilia safari yake utamkuta mtu yuleyule, anayelinda jambo moja: kwamba katika ardhi ya Wabugti neno la mwisho ni lake. Waliobadilika ni watawala wa Islamabad, ambao kuna miaka walimhitaji na kuna miaka walimwona kikwazo.

Anaitwa Nawab, mara sardari, mara tumandar. Ni vyeo vitatu?

Ni mtu mmoja kwa majina matatu. Sardari ni chifu wa kabila, na ndilo neno linalosikika kote Balochistan. Tumandar ni neno la Wabulushi wa mashariki, mkuu wa "tuman", yaani kabila zima pamoja na koo zake. Nawab ni cheo cha heshima kilichothibitishwa na Waingereza. Chini ya chifu kuna wakuu wa koo wanaoitwa wadera, na mashauri mazito hukatwa na jirga, baraza la wazee.

Hapa inabidi kumtaja Robert Sandeman, afisa wa Kiingereza wa miaka ya 1870. Aligundua kuwa kuitawala Balochistan kwa bunduki ni ghali, na kwamba kumlipa chifu ni nafuu. Basi machifu wakapewa posho na ruhusa ya kuweka askari wao wa kikabila walinde barabara, nao wakaachiwa waamue mambo ya ndani watakavyo. Chifu ambaye zamani ilimlazimu kuwabembeleza wakuu wa koo zake sasa akawa na fedha na nguvu ya dola nyuma yake. Pakistan ilipozaliwa 1947 ilirithi mpango huo karibu bila kuugusa. Waziri mkuu Zulfikar Ali Bhutto aliufuta usardari kwa sheria mwaka 1976. Sheria ikapita, masardari wakabaki.

Alizaliwa na kusomea wapi?

Alizaliwa Barkhan, miaka ya 1920, mwana wa Nawab Mehrab Khan Bugti na mjukuu wa Sir Shahbaz Khan ambaye jina lake alilibeba. Alisomea Aitchison College mjini Lahore, shule ambayo Waingereza waliijenga kwa ajili ya watoto wa machifu na wenye ardhi. Kiingereza chake kilikuwa cha kupigiwa mfano, na waandishi wa habari waliopanda hadi Dera Bugti, makao ya kabila lake, walirudi wakimsimulia mzee mwenye ndevu nyeupe anayezungumza kama bwana wa Kiingereza huku amezungukwa na walinzi wenye bunduki. Picha hiyo ilimfaa, naye alijua.

Je, ni kweli aliua mtu akiwa na umri wa miaka 12?

Alisema hivyo mwenyewe, akimwambia mgeni Mwingereza aliyemtembelea, kwamba mtu huyo alimuudhi. Huenda ni kweli, huenda ni majigambo ya chifu anayetaka aogopwe. Cha kutazama ni kwamba hakuona haja ya kukanusha hadithi hiyo kwa maisha yake yote.

Aliingiaje kwenye siasa za kitaifa?

Kwa mlango uliofunguliwa na kifo cha mwingine. Tarehe 9 Mei 1958 mwanasiasa mkongwe Dr Khan Sahib aliuawa mjini Lahore, na Bugti akachaguliwa kujaza kiti chake bungeni. Septemba 20 mwaka huohuo waziri mkuu Feroz Khan Noon akamteua waziri mdogo wa mambo ya ndani. Hakukaa hata wiki tatu. Oktoba 7 rais Iskander Mirza alitangaza utawala wa kijeshi, bunge likavunjwa na mawaziri wakaenda nyumbani.

Nje kidogo ya mada: siku hizohizo ndipo Pakistan ilipoinunua Gwadar, mji wa pwani, kutoka kwa Sultani wa Oman. Makubaliano yalitangazwa Septemba 8, na mji ukakabidhiwa Desemba 8. Kwa hiyo siku chache za uwaziri wa Bugti zimeangukia kati ya kununua na kukabidhiwa. Nusu karne baadaye bandari ya Gwadar, iliyojengwa kwa msaada wa China, ilikuwa miongoni mwa malalamiko yake makuu, kwani aliona itawanufaisha wageni na kuwaacha Wabulushi wakitazama meli zikipita.

Kwa nini hakugombea uchaguzi wa 1970?

Mahakama ya kijeshi ilimtia hatiani mwaka 1960, enzi ya mtawala wa kijeshi Ayub Khan, na akapoteza haki ya kushika wadhifa wa umma. Uchaguzi wa 1970 ulipofika alimpigia debe mdogo wake, Ahmed Nawaz Bugti, aliyegombea kwa tiketi ya National Awami Party (NAP), chama kilichobeba matumaini ya Wabulushi na Wapashtuni waliotaka majimbo yao yawe na mamlaka zaidi.

Ni kwa nini Wabulushi wengi walimwita msaliti?

Kwa sababu ya mwaka 1973.

NAP ilishinda Balochistan, na 1972 jimbo likapata kwa mara ya kwanza serikali ya kuchaguliwa. Ataullah Mengal akawa waziri kiongozi, Ghaus Bakhsh Bizenjo akawa gavana, na Khair Bakhsh Marri akaongoza chama jimboni. Hawa watatu na Bugti walikuwa vigogo wanne wa siasa za Kibulushi. Bugti aliwasaidia kupanda, fedha zake na watu wake vilitumika katika kampeni, lakini karamu ilipoandaliwa hakuwekewa sahani. Alikuwa amefungiwa kushika wadhifa, ni kweli. Ila pia wenzake hawakuonyesha haraka ya kumtafutia nafasi, na mtu wa aina yake hakuwa wa kusubiri mlangoni.

Mwishoni mwa Januari 1973 alisimama mbele ya mkutano wa hadhara Mochi Gate, Lahore, akadai kwamba viongozi wa NAP walikuwa na mpango wa kuitenga Balochistan. Magazeti yaliuita "mpango wa London", kwa vile wanasiasa hao walikuwa wamekutana huko. Haijapita wiki mbili, tarehe 10 Februari, polisi wakavamia ubalozi wa Iraki mjini Islamabad na kuonyesha shehena ya silaha. Serikali ilidai zilikuwa zikipelekwa kwa wapiganaji Wabulushi. Bhutto akapata sababu aliyoihitaji: akaivunja serikali ya Mengal, akamwondoa Bizenjo, na kumweka ikulu ya Quetta gavana mpya. Gavana huyo alikuwa Akbar Bugti.

Kilichofuata kilikuwa vita vya 1973 hadi 1977, jeshi dhidi ya wapiganaji wa makabila ya Marri na Mengal, huku Iran ikisaidia kwa helikopta. Viongozi wa NAP walitiwa ndani, na wengi hawakuona nje hadi Bhutto alipopinduliwa na jenerali Zia ul-Haq. Familia zilizozika watoto katika milima ya Marri zilikumbuka ni nani aliyekuwa gavana mambo yalipoanza. Alipokufa 2006 na kuanza kuitwa shahidi wa taifa la Kibulushi, wapo wazee walionyamaza tu.

Kwa nini basi alijiuzulu ugavana?

Aligundua kwamba gavana wa Bhutto ni wa Bhutto. Jeshi lilifanya lililotaka, naye akabaki kubeba lawama. Aliandika barua ya kujiuzulu Oktoba 1973 na akaondoka rasmi mapema Januari 1974. Nafasi yake ilichukuliwa na Khan wa Kalat, Ahmad Yar Khan, yaani mtawala wa zamani aliyeuingiza ufalme wake Pakistan mwaka 1948.

Alifanya nini alipokuwa waziri kiongozi?

Zia alipokufa kwenye ajali ya ndege Agosti 1988 siasa za vyama zilirudi, na Bugti akarudi nazo. Aliongoza muungano wa vyama vya Kibulushi, na Februari 1989 akachaguliwa waziri kiongozi wa Balochistan, baada ya mvutano ambamo mtangulizi wake, Zafarullah Jamali, alilivunja bunge la jimbo na Mahakama Kuu ikalirudisha.

Miezi yake 18 madarakani ilikuwa ya ugomvi na waziri mkuu Benazir Bhutto, binti wa yule aliyemweka ugavana. Benazir alikuwa na mpango wa miradi ya maendeleo uliopeleka fedha za serikali kuu moja kwa moja hadi wilayani, kupitia watu wa chama chake. Bugti aliona anarukwa, akaukataa. Huko Punjab waziri kiongozi Nawaz Sharif alifanya vivyo hivyo. Mbele ya wananchi Bugti aliliweka kama suala la haki za jimbo, na hoja ilikuwa nzito. Ila usisahau kwamba fedha zinazofika wilayani bila kupita kwa chifu humpunguza chifu. Kwa Bugti haki ya jimbo na haki ya chifu zilikuwa mafiga ya jiko moja.

Agosti 1990 rais Ghulam Ishaq Khan alimwondoa Benazir na mabunge ya majimbo yakavunjwa. Ndio ukawa mwisho wa wadhifa wake wa mwisho serikalini.

Chama chake kilikuwa kipi?

Jamhoori Watan Party, alichokiunda Agosti 1990. Katika miaka ya 1990 kilikuwa na nguvu kubwa katika bunge la jimbo, na mwenyewe alirudi katika Bunge la Taifa mwaka 1993. Kilidai mamlaka zaidi kwa majimbo ndani ya Pakistan. Hili watu hulichanganya: kwa sehemu kubwa ya maisha yake Bugti hakudai nchi huru. Alidai mgawo.

Mgawo wa nini? Gesi ina uhusiano gani na yote haya?

Ndio mzizi wenyewe. Mwaka 1952 kampuni ya Pakistan Petroleum iligundua gesi asilia Sui, ndani ya ardhi ya Wabugti, na mwaka 1955 ikaanza kupelekwa kwa mabomba Karachi, na baadaye Punjab. Ilikuwa hazina kubwa kiasi kwamba hadi leo Mpakistani akitaka kusema gesi ya bomba jikoni husema "gesi ya Sui", hata kama inatoka kisima kingine kabisa. Kampuni mbili kubwa za kusambaza gesi nchini zina jina la mji huo. Ni jina lililo kwenye bili ya kila mwezi ya watu ambao hawataikanyaga Sui maisha yao yote.

Huko Balochistan kwenyewe Quetta, mji mkuu wa jimbo wenye baridi kali na kipupwe kisicho na huruma, ilisubiri hadi miaka ya 1980 kuunganishwa. Vijiji vya Dera Bugti, vilivyo hatua chache kutoka visimani, vimeendelea kupikia kuni. Jimbo lilipata mrabaha uliokokotolewa kwa bei ya gesi kisimani, na bei ya Sui ilipangwa chini kuliko ya visima vilivyogunduliwa baadaye Sindh na Punjab. Wakati huohuo ibara ya 158 ya katiba ya 1973 inasema jimbo lenye kisima ndilo lipewe gesi kwanza. Mbulushi akikuambia katiba inasomwa nusunusu, ibara hiyo ndiyo anayoifikiria.

Bugti mwenyewe alilipwa na kampuni kodi ya ardhi, na watu wake waliajiriwa huko kama walinzi na vibarua. Maofisa wa serikali walipenda kulitaja hilo: mbona analalamika na anakula? Yeye alijibu kwamba ardhi ni ya Wabugti na kodi ni haki. Sehemu gani ya fedha hizo iliwafikia wachungaji wa mbuzi, hilo hakuwahi kulieleza kwa mahesabu ya wazi.

Je, ni kweli alizuia shule na barabara?

Pervez Musharraf, jenerali aliyekuwa rais wa Pakistan Bugti alipouawa, alipenda kusema kwamba masardari wachache, Bugti, Marri na Mengal, ndio waliodumaza Balochistan. Kuna ukweli ndani yake. Dera Bugti ilitawaliwa kwa neno la Nawab. Alikuwa na jela yake na askari wake, na mashauri yaliamuliwa mbele yake, yakiwemo yale ambamo mtuhumiwa alitembezwa juu ya makaa ya moto ili nyayo zitoe ushahidi kama ana hatia. Mkulima asiyekubaliana naye hakuwa na pa kukata rufaa.

Lakini nenda kusini, Makran, ambako usardari ulikwisha nguvu zamani na wanaoongoza siasa ni walimu na madaktari wa tabaka la kati. Huko nako hospitali ni haba na maji ni shida. Hao nani aliwazuilia?

Wakalpar na Wamasuri ni akina nani, na waligombania nini naye?

Ni koo za Wabugti wenyewe. Ukoo wa chifu unaitwa Raheja. Wakalpar wako hasa karibu na Sui, juu ya gesi, na wao waliona wanastahili kuzungumza na kampuni bila kupitia kwa Nawab. Mwaka 1992 mwanasiasa kijana wa Kikalpar, Amir Hamza, aliuawa, na Wakalpar wakailaumu nyumba ya chifu. Mwaka huohuo Salal Bugti, mwana kipenzi wa Nawab, alipigwa risasi mjini Quetta akafa.

Kisasi kilikuwa cha watu wengi. Maelfu ya Wakalpar na Wamasuri walifukuzwa makwao na wakaishi ukimbizini Punjab na Sindh kwa zaidi ya miaka kumi. Anayetaka kumwandika Bugti kama mtetezi wa wanyonge lazima kwanza awapitie watu hawa. Serikali nayo iliwakumbuka tu ilipowahitaji: mwanzoni mwa 2006, jeshi lilipokuwa likimwinda Nawab, Wakalpar walirudishwa Sui kwa magari na ulinzi wa serikali.

Vita vya mwisho vilianzaje?

Mvutano ulikuwapo tayari, juu ya gesi, juu ya Gwadar, na juu ya mpango wa kujenga kambi za jeshi Sui na Kohlu. Cheche ilikuwa Januari 2005. Daktari mwanamke aliyefanya kazi katika hospitali ya kampuni ya gesi Sui alibakwa ndani ya makazi ya kampuni, mahali palipolindwa na dola. Mtuhumiwa aliyetajwa alikuwa afisa wa jeshi, na Musharraf akajitokeza hadharani kumsafisha kabla uchunguzi haujaisha. Daktari huyo hakuwa Mbugti, alikuwa mgeni katika ardhi yao, na kwa mila ya Kibulushi mgeni wa kike akidhulumiwa kwako aibu ni yako. Wabugti walikishambulia kituo cha gesi kwa roketi, na miji ya mbali ikaonja siku kadhaa za majiko baridi. Musharraf alionya kwamba safari hii si miaka ya 1970 ya kupiga na kukimbilia milimani, na kwamba hawatajua hata kilichowapiga.

Machi 17, 2005 mapigano yalilipuka Dera Bugti na makombora yakaangukia mtaa uliozunguka ngome ya Nawab. Walikufa watu kwa makumi, na wengi wao walikuwa Wahindu. Msomaji huenda akashangaa: Wahindu wametoka wapi? Walikuwa wafanyabiashara wa vizazi na vizazi, wakiishi ubavuni mwa ngome kwa kuwa ulinzi wa chifu ndio ulikuwa bima yao. Siku hiyo ulinzi huo ndio uliowaweka kwenye njia ya makombora.

Chaudhry Shujaat Hussain na Mushahid Hussain wa chama tawala walikwenda kuzungumza naye, na kwa muda ikaonekana suluhu ingepatikana. Kisha, Desemba 14, roketi zilirushwa Kohlu wakati Musharraf akiwa ziarani huko. Operesheni ya kijeshi ikaanza, na Nawab akaiacha ngome yake akapanda milimani. Alikuwa mgonjwa wa miguu na alisafiri kwa ngamia, lakini aliendelea kuongea na waandishi wa habari kwa simu ya setilaiti.

Alikufa vipi hasa?

Pangoni, eneo la Tratani, katika milima ya Kohlu. Jeshi lilisema maofisa wake waliingia pangoni, mlipuko ukatokea, pango likaporomoka likawaua wao na yeye. Familia na wafuasi wake wanasema aliuawa kwa makusudi. Kwamba maofisa na askari kadhaa walikufa pamoja naye hakuna anayebisha. Kwamba jeshi lilikuwa linamsaka yeye mahsusi, nalo halibishaniwi sana. Kauli za siku za mwanzo zilikuwa zikibadilikabadilika, na hilo lilitosha kuwafanya watu wasiamini hata ile iliyofuata.

Quetta iliwaka moto kwa siku kadhaa, mamia walikamatwa.

Amezikwa wapi?

Dera Bugti, tarehe 1 Septemba 2006. Wanawe walitaka azikwe Quetta. Serikali ilimzika yenyewe katika makaburi ya ukoo wake, jeneza likiwa limefungwa kwa kufuli, mbele ya watu wachache na bila familia. Siku chache kabla, mjini Quetta, maelfu walikuwa wamekwisha kumsalia sala ya maiti aliyeko mbali. Kufuli zile zimefanya kazi kubwa kuliko hotuba yoyote: hadi leo wapo wanaouliza kulikuwa na nini ndani.

Wiki chache baadaye Khan wa Kalat, Suleman Dawood, aliita jirga kuu, ya kwanza ya aina yake kwa zaidi ya karne, na machifu waliokuwa hawasalimiani wakakaa pamoja. Walikubaliana kupeleka kwenye mahakama ya kimataifa malalamiko juu ya Kalat kuingizwa Pakistan. Halikufika mbali.

Je, Musharraf alishtakiwa?

Ndiyo. Mwaka 2013 aliporudi kutoka ughaibuni alikamatwa kwa kesi ya mauaji ya Bugti, ambayo iliwahusu pia aliyekuwa waziri wa mambo ya ndani Aftab Sherpao na waziri wa zamani wa jimbo. Januari 2016 mahakama ya kupambana na ugaidi ya Quetta iliwaachia huru wote. Musharraf alifariki Dubai Februari 2023.

Nani alimrithi?

Hapo nyumba iligawanyika. Mjukuu wake Brahumdagh, aliyekuwa naye milimani, alikimbilia Afghanistan kisha Uswisi, akaunda Baloch Republican Party na kudai uhuru kamili, jambo ambalo babu yake alikaa maisha karibu yote bila kulidai. Mwana, Talal, alibaki na Jamhoori Watan Party hadi alipofariki 2015. Mjukuu mwingine, Shahzain, mwana wa Talal, aliingia Bunge la Taifa 2018 na kuwa waziri wa shirikisho 2022. Mwingine, Aali, alitambuliwa na serikali kuwa chifu.

Mwaka 2014 Shahzain aliongoza msafara wa Wabugti waliokimbia vita ili warudi Dera Bugti. Walizuiliwa Kashmore, mpakani mwa jimbo, wakapiga kambi barabarani kwenye baridi. Ukikumbuka Wakalpar, utaona kwamba waliofukuza sasa walikuwa wamefukuzwa.

Na Machi 2024 Balochistan ilipata tena waziri kiongozi Mbugti, Sarfraz Bugti. Ni wa ukoo wa Masuri, mpinzani wa nyumba ya Nawab na rafiki wa jeshi.

Kwa nini tarehe 26 Agosti bado inaogopwa?

Kwa sababu kifo chake kiliwapa wapiganaji kile ambacho hawakuwa nacho, mzee wa kumlilia ambaye kila Mbulushi anamjua kwa sura. Kuanzia hapo uasi ulitoka mikononi mwa masardari ukaenda kwa vijana waliosoma vyuo vikuu, wengi wao wa Makran, na idadi ya waliopotezwa na vyombo vya dola ikazidi. Usiku wa kuamkia 26 Agosti 2024, Baloch Liberation Army, kundi la wapiganaji wanaodai uhuru, ilishambulia kwa mpigo sehemu nyingi za jimbo. Zaidi ya watu 70 walikufa siku hiyo. Huko Musakhail wasafiri walishushwa kwenye mabasi na malori, vitambulisho vikakaguliwa, na waliotoka Punjab wakapigwa risasi. Walikuwa vibarua na madereva.

Je, Wabulushi wa Afrika Mashariki ni Wabugti?

Swali hili huulizwa na watu wa Mombasa, Zanzibar na Rujewa, na jibu kwa kawaida ni hapana. Wabulushi waliokuja pwani yetu waliletwa na watawala wa Oman kama askari, na walitoka hasa Makran, ukanda wa bahari ambako Gwadar yenyewe ilikuwa mali ya Oman tangu mwishoni mwa karne ya 18. Walilinda Ngome ya Yesu Mombasa, na baadhi yao walikuwa askari wa msafara wa Burton na Speke kutoka Zanzibar kwenda bara mwaka 1857. Wabugti ni watu wa milima ya mashariki, mbali na bahari, na lahaja yao ya Kibulushi inatofautiana na ya Makran. Kwa hiyo mzee wa Kibulushi wa Rujewa akisema babu yake alitoka "Makurani", anataja mahali palipo mamia ya kilomita kutoka Dera Bugti.